Namna ya Kukata Bima Machakos na Usilindwe na Yeyote

Kenya ina Sheria ya Bima, ina mamlaka ya kuisimamia, ina mfuko wa kuwafidia wateja wa kampuni zilizofilisika, na ina kitengo cha wapelelezi wa kuwasaka matapeli wa bima. Kwa mtu anayetaka kupoteza pesa zake kwa amani, hali hiyo inatisha. Unaweza ukafanya kila kitu ovyo, na bado siku ya mwisho serikali ikajitokeza na faili ikitaka kukusaidia. Mwongozo huu umeandikwa kwa wakazi wa Machakos mjini, Masii, Kangundo, Mwala na Matuu wasiopenda kusumbuliwa kwa misaada ya aina hiyo.

Anza na nia, maana hiyo ndiyo nguzo ya yote. Usikate bima. Nunua stika. Anayekata bima hujiuliza: nikimgonga mtu, nani atalipa, kiasi gani, na lini? Anayenunua stika ana swali moja tu, nalo ni kama atapita kizuizi cha trafiki pale Kyumbi, barabara ya Machakos inapokutana na ile ya Mombasa. Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, ilitungwa kwa ajili ya atakayegongwa: mama anayevuka barabara na mzigo wa maembe, au abiria aliyelala kiti cha nyuma. Inamwamuru mwenye gari awe na bima ili majeruhi asije akabaki ameshika hukumu ya mahakama na hakuna wa kuilipa. Wewe msahau mama wa maembe. Mtu wako ni afisa wa trafiki, naye akishatupa jicho kwenye kioo na kukupungia mkono uende, bima imekwisha kazi yake kwa mwaka huo.

Kuna kikwazo kimoja. Siku hizi hati ya bima ya gari ni ya kidijitali, na uhalali wake hukaguliwa kwa simu, kwa hiyo ufundi wa stika bandia za vichochoroni umepungua thamani. Itakubidi utafute stika halali ya kampuni dhaifu. Usihofu, haihitaji ujuzi wowote. Inahitaji upende bei rahisi.

Hapo ndipo ejenti anapoingia. Ejenti mzuri kwa mradi wetu hana ofisi, ana mwavuli karibu na steji, begi la karatasi na simu mbili. Anakujua kwa jina, au hakujui lakini anakuita Mwaitu, yaani mama, kama anakujua. Mazungumzo huenda hivi:

“Mwaitu, hii yako kwa kawaida ni elfu saba na mia tano. Lakini kwa sababu ni wewe, leta elfu tano.”

“Na ni kampuni gani, kijana wangu?”

“Kampuni ni zile zile, Mwaitu. Zote ziko chini ya serikali.”

Ukisikia sentensi hiyo ya mwisho, fungua pochi. Ubaya wake ni kwamba ina ukweli. Kampuni zote ziko chini ya serikali, kama vile wanafunzi wote walivyo chini ya mwalimu mkuu, wa kwanza na wa mkia. Sheria ya Bima, Sura ya 487, ilipitishwa 1984 na kuanza kutumika 1987. Kwa miaka mingi msimamizi alikuwa Kamishna wa Bima aliyekaa ndani ya Wizara ya Fedha. Sheria ikarekebishwa 2006, na mwaka uliofuata ikazaliwa Mamlaka ya Udhibiti wa Bima, ile inayofahamika zaidi kwa herufi zake tatu, IRA. Kampuni haiwezi kuandikisha mteja bila leseni ya mamlaka hiyo. Ili ipewe leseni, sheria ilipandisha mtaji wa chini hadi shilingi milioni 600 kwa bima za kawaida na milioni 400 kwa bima za maisha. Ejenti mwenyewe sharti awe amefanya mtihani wa kazi yake na awe na leseni inayohuishwa kila mwaka. Orodha ya waliosajiliwa hutangazwa hadharani.

Kwa hiyo kumbuka mambo mawili ya kutofanya. Usimwombe ejenti leseni. Ataona umemvunjia heshima, na pengine ni binamu wa mke wako. Wala usitazame ripoti ambazo mamlaka huchapisha kila robo mwaka kuonyesha kila kampuni imelipa madai kwa kiwango gani. Ripoti hizo zimeandikwa kwa Kiingereza chenye jedwali ndani yake, jambo ambalo limewalinda Wakenya wengi dhidi ya maarifa. Mamlaka ingetaka kweli kumharibia mnunuzi wa stika mipango yake, ingebandika jedwali moja tu, kwa Kiswahili au Kikamba, kwenye ukuta wa kila steji ya matatu. Bahati nzuri haijafika huko.

Sasa lipa. Kampuni ina namba yake ya malipo, lakini hiyo huleta ujumbe wenye jina la kampuni, na ujumbe huo ni ushahidi. Tuma kwa simu ya ejenti. Kifungu cha 156 cha Sheria ya Bima kinasema kampuni isibebe hatari ya mteja kabla haijapokea malipo yake. Kiliwekwa kwa sababu zamani pesa za wateja zilikuwa zikilala kwa mawakala na madalali miezi na miezi, huku kampuni ikitakiwa kulipa ajali kwa pesa ambazo haijaziona. Kwa kifungu hicho, pesa yako ikilala kwenye simu ya ejenti hadi Jumatatu, na gari likagonga Jumamosi, una haki ya kumwona ejenti. Kampuni haina habari nawe.

Ukipewa karatasi ya hesabu, itumie kufungia karanga. Nitakuonyesha kwa nini ni hatari ukiisoma. Tuseme unakata bima kubwa ya gari, na ada yake ni shilingi 40,000. Mwisho wa karatasi utaona umetozwa 40,220, na utadhani ejenti amekuibia 220. Hajaiba. Shilingi 40 ni ushuru wa stempu. Shilingi 80 ni tozo ya mafunzo, asilimia 0.2. Zile 100 zilizobaki, asilimia 0.25, zinakwenda kwa Mfuko wa Fidia kwa Wenye Bima, na kampuni nayo inatakiwa kuchangia kiasi kama hicho upande wake. Mfuko huo ulianzishwa 2004, na shughuli yake ni kumlipa mteja kampuni yake inapotangazwa kufilisika. Kwa maneno mengine, kila mwaka unamlipa mshahara mlinzi ambaye humjui jina. Endelea hivyo hivyo. Ukimjua jina utaanza kumwuliza maswali, na tutayafikia maswali hayo mbele.

Nirudi kwenye bei, kwa maana hapa ndipo mtu anapojenga au kubomoa mradi wote. Chagua bei ya chini kuliko zote. Usijiulize inakuwaje kampuni moja iweze kubeba matatu ya abiria 14 kwa nusu ya bei ya wenzake wakati barabara ni ile ile ya Mombasa, malori ni yale yale, na mteremko ni ule ule. Jibu lenyewe halipendezi. Kampuni inayouza bima rahisi mno hupata fedha taslimu leo, na madai ya ajali za leo hufika baada ya mwaka, miaka miwili, mitatu, kesi zikishaamuliwa. Katikati hapo kampuni inaonekana ina afya: gari jipya la mkurugenzi, kalenda nzuri za ukutani. Madai yakianza kufika, inauza stika nyingi zaidi, kwa bei ya chini zaidi, ili ilipe ya jana. Kila stika mpya ni deni jipya.

Wakenya wameliona somo hili mara nyingi, hawajalichoka. Kenya National Assurance, kampuni ya serikali yenyewe iliyoanzishwa 1964, ilifungwa 1996. United, iliyokuwa tegemeo la wenye matatu, ilianguka 2005. Standard Assurance ikafuata 2009, Blue Shield 2011, Concord 2013. Resolution, iliyokuwa na wateja wa bima ya matibabu, iliwekwa chini ya usimamizi wa kisheria Aprili 2022, na watu wakagundua wakiwa dirishani hospitalini kwamba kadi zao zimegeuka plastiki. Mwishoni mwa 2023 ikawa Xplico, na 2024 Invesco, ambayo ilikuwa imewahi kuanguka 2008 na kufufuliwa. Tazama orodha hiyo uone ni ngapi zilikuwa zikibeba matatu. Mnunuzi wa stika asiyeiona alama hiyo ana kipaji, na hahitaji mwongozo huu.

Haki ya Mungu, si bei peke yake iliyowaua. Machakos inajua upande wa pili wa hadithi vizuri kuliko miji mingi, kwa kuwa barabara ya Mombasa inakata kaunti hii na kesi za ajali ni chakula cha kila siku katika mahakama zake. Matatu ya abiria 14 inabingirika mbele ya mashahidi, na wiki inayofuata si ajabu ukasikia majeruhi wamefika 23. Wapo waliokuwa shambani siku hiyo. Yupo aliyevunjika mkono akianguka mwembeni. Mtu fulani mwenye suti na faili hupita hospitalini kabla ya ndugu, kalamu mkononi. Mwaka 2011 mamlaka, ikishirikiana na polisi, ilianzisha kitengo cha kuchunguza udanganyifu wa bima kwa sababu ya mambo kama haya. Ukialikwa kuwa majeruhi hewa, kubali upesi. Utapata chako kidogo, na ada ya matatu ya mjomba wako itapanda mwakani, naye ataipandisha nauli, nawe utalipa nauli hiyo hadi uzeeni ukilalamika kwamba bima ni wizi.

Fomu ya maombi mwachie ejenti aijaze. Wewe weka sahihi chini, mahali palipotiwa alama ya kalamu. Fomu hiyo ina maswali ya kuudhi: gari ni la shughuli gani, nani huliendesha, limewahi kupata ajali? Tuseme una Probox. Kila mtu Ukambani anajua kazi ya Probox. Asubuhi iko Masii, saa mbili iko Machakos, ndani kuna watu tisa na jogoo, dereva amekaa nusu kiti na mlango unashikiliwa kwa mkono. Kwenye fomu andika: matumizi ya kibinafsi. Bima ya gari la abiria ni ghali, na wewe si matatu, wewe ni mtu mwenye marafiki wengi wanaochangia mafuta. Likitokea la kutokea, kampuni itakwenda mahakamani kuomba itamkwe kwamba haihusiki, kwa sababu iliuziwa gari la kwenda kanisani ikapewa basi. Sheria inaipa nafasi hiyo. Abiria tisa watakugeukia wewe, na kwa kuwa wengi ni majirani, hawatahitaji ramani.

Mwenye duka naye asiachwe. Stoki yako ni ya shilingi milioni 2. Iandikishe kuwa ya milioni 1 ili ada ipungue. Moto ukila bidhaa za 600,000 utatarajia 600,000, kwa kuwa si umekatia bima milioni nzima? Kampuni itakulipa 300,000. Uliandikisha nusu ya mali, nawe unahesabiwa kuwa umejibebea nusu ya kila hasara. Kipengele hicho kimo kwenye hati ya bima, ile kubwa yenye kurasa nyingi, ambayo hukuidai na ejenti hakuileta. Usiidai. Inavutia panya.

Kuhusu bima ya maisha nina neno moja tu: ifiche. Mwanamume wa kwetu akimwambia mkewe kwamba akifa familia italipwa milioni, hatalala tena usingizi mzuri. Funga hati ndani ya sanduku, nawe uende na ufunguo kaburini. Pesa hizo zisipodaiwa hazipotei. Sheria ya 2011 iliunda mamlaka ya kushika mali ya fedha isiyodaiwa, na kampuni hupeleka huko. Watoto wako watakuwa matajiri wasiojijua, hali ambayo haina kodi.

Sasa ajali imetokea. Tulia. Hati nyingi zinataka utoe taarifa upesi, basi subiri kwanza maumivu yapoe, mvua ipite na mahindi yavunwe. Ukifika polisi kuchukua abstrakti, eleza kwa ufasaha. Niseme kidogo juu ya Kituluni, kile kilima upande wa mashariki wa mji ambapo gari likiachwa bila gia huonekana likipanda lenyewe na maji yakimwagwa huonekana yakielekea juu. Watalii hulipenda sana jambo hilo. Asesa wa bima halipendi. Ukiandika kwenye fomu ya dai kwamba gari lilikuwa limesimama na likapanda mlima likagonga kibanda cha miwa, utakuwa umesema kile ulichokiona, na dai lako litasomwa kwa sauti kwenye chai ya saa nne katika ofisi za Nairobi kwa miaka kadhaa.

Kisha italetwa barua ya mahakama. Uliyemgonga amekushtaki wewe, hakuishtaki kampuni, kwa kuwa ndivyo sheria ilivyo: hukumu hutoka dhidi ya mwenye gari, na bima huja kuilipa. Wengi hapa husema, “Hayo ni ya bima,” na kuitia barua nyuma ya televisheni. Sawasawa kabisa. Kampuni isipojua kuna kesi haitamtuma wakili, kesi itasikilizwa bila wewe, hukumu itatoka, na siku moja alfajiri atabisha dalali wa mahakama akiwa na lori. Ataanza na televisheni. Ndipo utaiona ile barua.

Kama ulikosea ukaripoti mapema na karatasi zote zimo, basi umejiingiza kwenye hatari ya kulipwa. Kifungu cha 203 kinataka kampuni ilipe ndani ya siku 90 tangu dai liliporipotiwa, wajibu wake ukishathibitishwa. Yashike hayo maneno matatu ya mwisho, maana kampuni imeyashika kabla yako. Wajibu unaweza kuthibitishwa polepole sana. Kuna asesa wa kwanza, kuna asesa wa kuhakiki asesa, kuna mpelelezi, kuna barua inayoomba nakala ya barua uliyoleta. Kazi yako ni kupiga simu tu. Usiandike chochote. Simu haina tarehe wala muhuri, na yule binti mwenye sauti nzuri anayekwambia faili iko kwa meneja atakwambia hivyo hivyo Desemba. Mwisho watakuletea karatasi ya kukubali malipo yenye tarakimu ndogo kuliko ulivyotarajia. Isaini ukiwa na njaa. Ukishatia sahihi umesema umeridhika na huna dai lingine, na hilo linawarahisishia wote kazi.

Ukijisikia kulalamika, lalamika, lakini kwa serikali isiyohusika. Kaunti ya Machakos ina gavana, ina bunge, ina mawaziri, na wote wako karibu. Mwone diwani wako. Mshike gavana siku ya hafla, karibu na hema. Simulia yote, watu watapiga makofi. Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, inaiweka bima mikononi mwa serikali ya kitaifa pamoja na benki na sarafu. Kaunti imeachiwa soko, steji, zahanati, barabara ndogo na leseni ya biashara ya kibanda cha ejenti. Inaweza kumtoza ejenti kwa kuweka mwavuli. Haiwezi kumwuliza kampuni yake inalipa madai au hailipi. Diwani atakuahidi kuifuatilia, na kwa kuwa hana mahali pa kuifuatilia hatakuvunja moyo kwa kukupa jibu.

Jambo la kuepuka ni kuiandikia IRA yenyewe. Haitozi chochote kupokea malalamiko. Ukiisha kuiandikia kampuni na usiridhike, unaandika barua au barua pepe, unaambatanisha nakala, unaeleza namba ya hati na tarehe, nayo inaitaka kampuni ijieleze. Mambo yaliyoko mahakamani huyaacha huko, lakini mengine husukumwa. Nimesikia watu wakilipwa kwa njia hiyo, kimyakimya, bila hata mkutano wa hadhara.

Hebu sasa tufikie raha yenyewe, kampuni inapokufa. Kwanza mamlaka humteua meneja wa kisheria. Meneja akiingia, anaweza kutangaza kusimamishwa kwa malipo, yaani kwa muda fulani hakuna anayelipwa, ili kampuni ipumue. Pumzi hiyo inaweza kuwa ndefu. Blue Shield iliongezewa muda mara kwa mara. Wateja wa United walisubiri zaidi ya miaka 10, wengine wakiwa wamemaliza hata kulipa mkopo wa lile gari lililoungua. Ukilitazama jambo hili kwa jicho la mteja, kinga iliyoandikiwa wewe huanza kwa kuikinga kampuni dhidi yako. Aliyekushinda mahakamani hawezi kuikamata kampuni, basi mara nyingi hukutafuta wewe, ambaye hukuwekewa meneja wala pumzi.

Baada ya hapo, kampuni ikitangazwa kufilisika, yule mlinzi wa shilingi 100 hujitokeza. Niliahidi maswali, na swali ni moja: atalipa kiasi gani? Sheria ya bima ya magari inaitaka kampuni ibebe hadi shilingi milioni 3 kwa kila dai la majeruhi. Kikomo cha Mfuko wa Fidia ni shilingi 250,000. Gawanya mwenyewe, ni moja ya kumi na mbili. Mwenye dai la kioo cha mbele atalipwa vizuri mno. Mwenye dai la mguu atalipwa kisigino. Na bado atalipwa akileta zile karatasi: risiti, hati, hukumu, kitambulisho. Ndiyo maana tangu mwanzo nimesisitiza juu ya karanga.

Akina mama wa vikundi vya mwethya kule Mwala, wanaochanga kila wiki na kuandika kila jina kwenye daftari lililofungwa kwa kamba, hawawezi kufuzu katika mwongozo huu. Mtu akichanga wanaandika, mtu akifiwa wanafika, na mweka hazina akichelewa kusoma hesabu anaulizwa palepale, mbele ya mume wake. Wangeipeleka tabia hiyo ya kuuliza kwenye mwavuli wa ejenti, biashara ya nusu ya Ukambani ingefungwa kufikia Ijumaa.

Hatua iliyobaki ni safari. Ndugu watakusukuma uende Nairobi, makao makuu ya mamlaka, jengo la Zep-Re Place, Upper Hill. Huwezi kukataa, wamekuchangia nauli. Basi panda gari asubuhi, keti dirishani, pita Kyumbi ambako trafiki atatazama stika ya dereva na kupunga mkono. Mtapita Athi River, mtaingia jijini, na makanga atapaza sauti mwisho wa safari: Machakos! Ndilo jina la ile stendi kubwa ya mabasi ya Nairobi, Machakos Country Bus. Shuka. Kunywa chai na mandazi mawili. Ukirudi jioni na kuulizwa ulifika wapi, sema Machakos, nao watajua hukuwadanganya.